Msiiite Dawa ya Usingizi

Kuna kauli mbili ninazozisikia tangu nianze kuandika, katika barza za pwani na katika vijiwe vya huku ziwani, na zote mbili zimenichosha. Ya kwanza husema kwamba sonona ni maradhi ya Wazungu, kwamba Mwafrika hana nafasi ya kuugua moyo kwa kuwa yumo mbioni kutafuta riziki. Ya pili ni yetu sisi washairi, nayo ni tamu zaidi na kwa hiyo ina madhara zaidi: kwamba huzuni ndiyo mtaji wa mshairi, na anayemeza kidonge ili imwondokee amekausha kisima chake kwa mkono wake. Wenye kauli hizi mbili hawapatani katika jambo lolote, ila hukutana mahali pamoja bila kujua. Hukutana kwenye dirisha la duka la dawa, pale mgonjwa anapokabidhiwa vidonge katika bahasha ndogo na kuambiwa, "Hii ni ya usingizi tu."

Neno hilo "tu" ndilo lililonifanya nishike kalamu. Dawa za sonona tulizo nazo si mbovu, na wala hazipishani sana kwa nguvu kama wauzaji wanavyodai. Aghalabu kinachozishinda ni maneno tunayozivika. Na maneno, waungwana, ndiyo kazi tuliyojipa.

Naandika kutoka Busisi, wilaya ya Sengerema, upande huu wa Ghuba ya Mwanza. Kwa miaka mingi jina la mahali hapa lilijulikana kwa sababu moja, nayo ni kivuko. Aliyetoka Mwanza kwenda Sengerema au Geita alisubiri Kigongo, akavuka, akateremka hapa; na katika kusubiri huko alikula samaki wa kukaanga, akanunua ndizi, akanywa chai. Tarehe 19 Juni 2025 lilizinduliwa daraja la kilomita 3, na sasa magari yanapita juu yetu bila kupunguza mwendo. Silaumu daraja. Mgonjwa anayekimbizwa Bugando usiku wa manane hangoji tena kivuko, na hilo peke yake linatosha kulisifu. Lakini jirani zangu waliokula jasho lao gatini wamebaki na meza tupu, na katika mwaka huu nimesikia mara nyingi kuliko zamani sentensi hii: "Fulani ana mawazo." Wengine wana dhiki tu, na dawa ya dhiki ni mtaji. Wengine wanaumwa. Kupambanua baina ya hao wawili si kazi ndogo, na lugha ndiyo chombo cha kwanza cha kuifanya.

Kiswahili hakikupungukiwa na maneno ya uchungu. Tuna huzuni, majonzi, simanzi, jitimai, ukiwa; tumeyatumia katika vina hata yamelainika kama kokoto za ufukweni. Na tuna sonona, kitenzi chetu wenyewe chenye maana ya kuumia moyoni, ambacho matabibu wamekitwaa na kukifanya jina la maradhi. Wamefanya vyema. Tofauti yake na huzuni ni kwamba huzuni ina mlango wa kutokea. Kivuko cha MV Nyerere kilipozama karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018, wakafa watu zaidi ya 220, mwambao huu wote ulikaa msiba. Tanga likawekwa, na siku zake zilipotimia tanga likaanuliwa. Waliolia hawakuwa wagonjwa. Hata Shirika la Afya Duniani huwakanya wahudumu wasimwandikie mfiwa dawa ya sonona kwa sababu ya kufiwa peke yake. Sonona ni tanga lisiloanuliwa: wiki mbili au zaidi, takriban kila siku, mtu hana raha na kitu alichokipenda, usingizi umeharibika, chakula hakipiti, mwili mzito, akili haishiki jambo, anajiona hana thamani, na pengine anaona afadhali asingekuwapo. Kusema kwamba mtu huyu "ana mawazo" ni kumsema kana kwamba sisi wengine hatuna.

Dawa za maradhi haya hazikuzaliwa kwa hekima kubwa, na wale wanaozitukuza wangefaa kuijua nasaba yake. Mwaka 1952, katika hospitali ya kifua kikuu ya Sea View, New York, wagonjwa waliopewa dawa ya iproniazidi walianza kuchangamka kuliko mapafu yao yalivyoruhusu. Kando ya ziwa jingine, Constance, katika hospitali ya Münsterlingen nchini Uswisi, daktari Roland Kuhn alikuwa akijaribu kemikali iliyokusudiwa kwa wagonjwa wa skizofrenia; haikuwafaa hao, ila waliozama katika sonona waliinuka. Alitangaza matokeo yake mwaka 1957, na dawa hiyo ikaitwa imipramini. Ripoti ya wanahistoria iliyotoka mwaka 2019 ilionyesha kwamba Kuhn aliwajaribia wagonjwa wake vitu vingi kwa miongo kadhaa, na wengi wao hawakuombwa idhini. Nayataja haya asije mtu akadhani ninavisujudia viwanda vya dawa.

Katika ukoo wa imipramini ndimo ilimotoka amitriptilini, iliyoanza kuuzwa mwaka 1961. Mwishoni mwa 1987 Marekani iliidhinisha fluoksetini, ambayo ulimwengu uliijua kwa jina la Prozac, na nyuma yake wakaja ndugu zake, sertralini, sitalopramu na wengineo. Kwa mtu wa Busisi ndugu hao wengi ni habari za mbali. Kwake mlinganisho wa haki ni wa dawa mbili, amitriptilini na fluoksetini. Zote mbili zimo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani, ambamo fluoksetini iliingizwa mwaka 2007, na zote mbili zimo katika orodha ya taifa letu.

Tuanze na mkongwe. Amitriptilini huanzwa kwa kidonge kimoja cha miligramu 25 wakati wa kulala. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2016, ulioandikwa kwa ajili ya wahudumu wasio mabingwa, unasema kipimo kiongezwe hatua kwa hatua kila wiki, na kwamba kipimo cha chini kinachotibu sonona kwa mtu mzima ni miligramu 75. Kisha unaongeza jambo ambalo ningependa libandikwe katika kila duka la dawa: kusinzia huweza kuja hata kwa kipimo kilicho chini ya hicho. Msomaji na asimame hapa kidogo. Usingizi unakuja kwanza, kwa kidonge kimoja. Tiba inakuja baadaye, kwa kipimo kikubwa zaidi na baada ya wiki kadhaa. Sasa mwambie mgonjwa, "Hii ni ya usingizi tu." Atakimeza, atalala, atafurahi, na hatarudi. Au atameza siku ambazo usingizi umemkataa na kuacha siku ambazo umekuja wenyewe. Wiki ya tatu atasema dawa imemlaza lakini haikumponya, na atakuwa amesema kweli, kwa sababu hakuitumia dawa ya sonona hata siku moja. Alitumia kivuli chake.

Haki ya mkongwe huyu haiishii hapo. Kwa kipimo kidogo hutuliza maumivu ya mishipa ya fahamu na huzuia kipandauso, kwa hiyo si kila anayepewa kidonge kimoja amepunjwa. Ila naye ana ubaya wake. Hukausha kinywa, hufunga choo, huleta ukungu machoni, humpa mtu kizunguzungu anapoinuka. Mzee mwenye tezi dume huweza kuzibwa mkojo. Mwenye maradhi ya moyo au presha ya macho huweza kudhurika vibaya. Tena ni dawa ya hatari ikizidi kipimo, hatari kwa moyo hasa, na kwa sababu hiyo mwongozo unataka mgonjwa anayehofiwa kujidhuru apewe akiba ya siku chache tu, na dawa ishikwe na mtu wa nyumbani. Nani atajua kwamba anahofiwa ikiwa hakuna aliyemuuliza? Na kuuliza hakumtii mtu wazo hilo kichwani. Mara nyingi humtua mzigo. Dawa ya usingizi "tu" haiulizwi maswali. Jina hili halidhalilishi tiba peke yake, linaondoa na ulinzi.

Fluoksetini ina tabia nyingine. Humezwa asubuhi, aghalabu miligramu 10 kwa wiki ya kwanza, kisha 20, na kwa wengi hapo hapo ndipo penye tiba, hakuna ngazi ndefu ya kupanda. Ikizidi kipimo haina ukali wa mkongwe. Hukaa mwilini siku nyingi, hata aliyesahau siku moja haharibu safari nzima. Lakini siku za mwanzo huweza kuleta kichefuchefu, kichwa kuuma, wahaka na kukosa usingizi. Na hupunguza hamu na raha ya tendo la ndoa, jambo ambalo wanaume hulisingizia kila kitu isipokuwa dawa, na wanawake hawalisemi kabisa. Ikichanganywa na aspirini au dawa za maumivu za jamii ya ibuprofeni, huongeza uwezekano wa kutokwa na damu tumboni. Kwa vijana kuna tahadhari iliyotolewa Marekani mwaka 2004, na mwaka 2007 ikapanuliwa hadi wenye umri wa miaka 24, inayozihusu dawa zote za sonona: katika wiki za mwanzo fikra za kujidhuru huweza kuongezeka, kwa hiyo kijana asiachwe peke yake na bahasha. Na dawa yoyote kati ya hizi, akipewa mtu ambaye sonona yake hupokezana na vipindi vya kuruka akili, maneno mengi na kutolala, huweza kumrusha huko. Hayo ni ya daktari kuamua, wala makala hii haimpi mtu ruhusa ya kujipimia.

Dagaa wa ziwa hili huvuliwa usiku, katika giza la mwezi, kwa taa. Jirani yangu mmoja mvuvi alipewa amitriptilini na kuambiwa ameze "akitaka kulala". Yeye hutaka kulala saa mbili asubuhi. Wiki moja alimeza asubuhi, wiki nyingine usiku kama ilivyoandikwa juu ya bahasha, na usiku huo akasinzia mtumbwini, kati ya maji na taa, hadi mwenziwe alipomshika shati. Akaitupa dawa, na nani atamlaumu? Mtu wa kazi ile huenda alifaa fluoksetini, au alifaa kupangiwa saa zake kwa mujibu wa kazi yake. Lakini ili hilo litokee ilipasa mtu amuulize anafanya kazi gani. Nakumbuka pia bibi mmoja wa hapa hapa, aliyekuwa haonji usingizi kwa miezi na amekonda hata kanga haimkai, ambaye amitriptilini, iliyopandishwa polepole na mtu aliyejua kazi yake, ilimrudishia usingizi kwanza, kisha chakula, kisha ulimi wake mkali tuliokuwa tumeanza kuutamani. Kwake yeye wahaka wa mwanzo wa dawa ile nyingine ungekuwa mateso. Hivi ndivyo dawa zinavyolinganishwa: kwa mwili, kwa kazi, kwa umri, kwa maradhi mengine, kwa kilichopo rafuni mwezi huu na mwezi ujao.

Lakini watu hupenda kuuliza ipi ina nguvu zaidi. Mwaka 2018 jarida la Lancet lilichapisha kazi ya Andrea Cipriani na wenzake waliokusanya majaribio 522 yenye washiriki 116,477 na kulinganisha dawa 21 za sonona. Zote zilishinda kidonge kisicho na dawa. Na iliyotokea mbele kwa nguvu ilikuwa amitriptilini, yule mkongwe wa bei nafuu. Fluoksetini ikawa miongoni mwa zile ambazo wagonjwa hawakuziacha kwa wingi. Pengo kati ya dawa na dawa halikuwa kubwa. Anayekuuzia dawa mpya kwa bei mara kumi kwa kuwa "hii ndiyo ya kisasa" na akusomee tarakimu hizo kwanza.

Najua jibu la wapinzani. Watamtaja Irving Kirsch, aliyeandika mwaka 2008 kwamba tofauti ya dawa hizi na kidonge kitupu ni ndogo isipokuwa kwa walioshikwa sana. Watamtaja Joanna Moncrieff wa London, ambaye mwaka 2022 pamoja na wenzake walipitia tafiti na kusema hakuna ushahidi thabiti kwamba sonona husababishwa na upungufu wa serotonini. Wote wawili wanastahili kusomwa. Kirsch anatufundisha tusiwagawie dawa wenye huzuni nyepesi, na katika hilo niko upande wake. Moncrieff amelivunja tangazo la biashara lililodai kwamba ubongo ni debe lililopungua maji. Lakini kubomoa maelezo ya namna dawa inavyofanya kazi si kubomoa ukweli kwamba wapo walioinuka. Bahari ilimbeba nahodha kabla hajajua chumvi yake imetoka wapi.

Sasa nawarudia washairi wenzangu. Mnasema utenzi ni dawa, na mimi niliyejifunza lugha nne kwa kamusi kuukuu na taa ya chemli, bila mwalimu, sitakataa kwamba maneno yamenishika mkono katika usiku mwingi. Tena ushahidi uko upande wenu kuliko mnavyojua. Ng'ambo ya ziwa hili, katika wilaya za Rakai na Masaka nchini Uganda, ulifanywa utafiti uliochapishwa mwaka 2003 na Paul Bolton na wenzake. Vijiji 30, katika nusu yake watu wenye sonona walikutana kwa vikundi kila wiki, kwa wiki 16, wakizungumza juu ya misiba, ugomvi na mabadiliko ya maisha. Mwishoni waliobaki na sonona katika vijiji hivyo walikuwa asilimia 6.5, na katika vijiji visivyopata vikundi asilimia 54.7. Yalikuwa mazungumzo matupu, bila kidonge. Lakini angalieni walianza na nini. Watafiti walianza kwa kuwauliza wenyeji wanayaitaje maradhi haya kwa Kiganda, wakapewa majina mawili yenye mipaka na dalili, na tiba ikajengwa juu ya majina hayo. Na vikundi viliongozwa na watu waliofunzwa, kwa utaratibu, kwa miezi minne. Hilo si sawa na kumpigia mgonjwa shairi la subira barazani na kwenda zako kula. Mshairi anayemwambia mwenye sonona aache dawa ili "asipoteze hisia" hajui kwamba sonona yenyewe ndiyo inayoua hisia. Aliyezama humo haandiki. Hata jina lake huona uzito kuliandika.

Nimefika kwenye shtaka langu hasa. Tarehe 7 Julai ya kila mwaka tunaadhimisha Siku ya Kiswahili Duniani, iliyotangazwa na UNESCO mwaka 2021. Mwaka huo huo Tanzania ilibadilisha sheria ili Kiswahili kiwe lugha ya mahakama, na tukashangilia, kwa haki. Lakini fungua kasha la amitriptilini au la fluoksetini, kama nilivyofungua mimi katika maduka ya Sengerema na Mwanza. Ndani kuna karatasi iliyokunjwa mara nane, maandishi ya mbegu za ufuta, kwa Kiingereza, na moja ilikuwa na Kifaransa pia. Sijaona hata moja ya Kiswahili. Mshitakiwa wa kuku ana haki ya kuhukumiwa kwa lugha anayoielewa. Mgonjwa wa moyo uliovunjika hana haki ya kuelezwa kwa lugha hiyo kwamba dawa huchukua wiki nne hadi sita kuonyesha nguvu, kwamba akipona asiache bali aendelee miezi 9 hadi 12 kadiri mwongozo ule unavyoshauri, na kwamba anapoacha apunguze taratibu kwa kusimamiwa. Mamlaka ya dawa inaweza kuwalazimisha waingizaji waweke karatasi hiyo. BAKITA na BAKIZA zinaweza kuisanifu kwa wiki moja. Na sisi tunaojiita wafasiri tumetafsiri tamthilia za wafalme waliokufa, tukaacha karatasi hii kwa sababu haina sifa wala tuzo.

Nimeifasiri. Ni ukurasa mmoja kwa kila dawa, na daktari mmoja wa hapa Mwanza amenisahihisha mambo ya kitabibu. Nimeandika "dawa ya sonona" na pasipo neno "usingizi" isipokuwa katika orodha ya madhara. Nimeandika "kipimo" badala ya "dozi", kisha nikarudisha "dozi", kwa sababu wauguzi wote wanasema dozi na karatasi si mahali pa kuonyesha ufundi. "Kurudiwa" nimeitumia kwa maradhi yanayomrejea mtu baada ya kupona, na wazee wa hapa wameielewa bila maelezo.

Neno moja limenishinda. Mtu akiacha dawa hizi ghafla huweza kupata kizunguzungu, wahaka, jasho na ndoto mbaya kwa siku kadhaa. Vijana wa mjini wana neno tayari, "arosto", lakini hilo ni la wenye kuacha unga, nalo litamfanya mgonjwa aamini kwamba amekuwa teja, ilhali dawa hizi hazimtii mtu uchu wala hazimfanyi aibe ili azipate. "Kuachishwa" ni ya mtoto na ziwa la mamake. "Mtikisiko" imekaribia, ila watu wanasikia tetemeko. Wasomaji wa Unguja, Pemba, Lamu na Mafia mnaokaa na wazee wenye msamiati wa chombo na bahari: mnaitaje ile hali ya mtu aliyeshuka jahazini baada ya safari ndefu, yuko nchi kavu, na miguu yake bado inahisi mawimbi? Nileteeni neno hilo kwa anwani ya mhariri. Karatasi inasubiri hilo tu.